Tumbo la Mwenye Duka

Mwalimu wa Kiswahili alinikuta barazani napinda suruali ya mtu, akaweka kitambaa cheupe juu ya cherehani kabla sijampa hata kiti. Ilikuwa mchana, upepo wa ziwani umeshaanza, na vumbi la Butimba linaingia mpaka kwenye meno.

"Shikamoo mama."

"Marahaba mwalimu. Umeleta kazi au umeleta mashtaka?"

"Nimeleta furaha," akasema, akacheka. "Mjukuu wako nimempa nafasi kubwa kwenye mchezo wa siku ya wazazi. Yeye ndiye mwenye duka."

Ni mwanamke wa Bukoba, bado kijana, mpole, anayeongea polepole kama anayeandika ubaoni. Akanieleza. Kidato cha nne wanasoma riwaya moja ya zamani kwa ajili ya mtihani wa taifa, naye ameona wanaikariri bila kuielewa, kwa hiyo ameamua waigize sura zake chache mbele ya wazazi. Anataka shati jeupe la mikono mirefu. Na anataka tumbo.

"Tumbo gani?"

"La bandia, mama. La sufi au la matambara, wewe ndiye fundi. Liwe kubwa, lionekane mpaka kwa waliokaa nyuma."

Mwenye duka katika kitabu hicho ni Mhindi. Mjukuu wangu baba yake ni Mhindi. Mwalimu analijua hilo kama anavyolijua kila aliyewahi kupita hapa barazani, maana ukimwona binti huna haja ya kuuliza. Najaribu kuandika bila kumwonea mtu, kwa hiyo niseme kwamba sikuona ubaya wowote usoni mwake. Aliona binti anayefanana na mtu wa kitabuni, akafurahi, kama mimi ninavyofurahi nikipata kifungo kinachofanana na vingine kwenye kopo. Nikapokea kitambaa. Nikasema sawa mwalimu. Neno sawa kwangu linatoka lenyewe.

Mimi niliishia darasa la saba, kule Kisesa. Mambo ya fasihi na uchambuzi wake siyajui, na mara nyingi nikiandika humu daftarini nahisi kuna mtu mwenye elimu amesimama nyuma yangu anasikitika. Lakini kitabu hicho nakijua. Mwalimu wetu alikuwa akitusomea kwa sauti saa za mwisho, tukiwa tumechoka na njaa, na hakuna aliyesinzia. Kuna mkulima wa pamba, mtu wa watu, anayepeleka magunia yake kwa mwenye duka. Mwenye duka anaweka kidole kwenye mizani. Mkulima anaibiwa msimu hata msimu, mpaka siku wanakijiji wanapoamka, wanalivamia duka na kumfukuza na kifurushi chake. Tulishangilia sana. Baba zetu wote walikuwa wakulima wa pamba, na hatukuwa tumewahi kumsikia mtu kama baba akisemwa kitabuni, tena kwa maneno mazuri vile. Hilo siwezi kulifuta kwa sababu tu leo linaniuma.

Jioni ile nilimpima binti kwa mkanda akiwa amesimama kati ya meza na kitanda. Ni mwembamba. Mama yake, ambaye ni binti yangu, ameolewa Geita, na mume wake wa sasa hakutaka mtoto wa nje, basi nimemlea mimi tangu anaanza kutembea. Baba yake alikuwa kijana wa mjini, wa familia ya duka la vipuri. Walipendana kweli, nilikuwa nawaona. Nyumba zote mbili zilikataa. Mume wangu, ambaye sasa ni marehemu, alikataa kwa maneno. Wao walikataa kwa kunyamaza. Kijana akahamia Dar na wazazi wake. Sikukuu anapiga simu, anaongea na mtoto, halafu wote wawili wanatafuta la kusema.

"Mwalimu kakwambia tumbo?" binti akauliza, mikono ameinua.

"Kaniambia. Wewe unalitaka?"

"Mbona kitabuni lipo, Bibi."

"Sijauliza kitabuni."

Akashusha mikono. Mara akatoa sauti ambayo sijawahi kuisikia nyumbani kwangu: "Veve nataka chumvi? Leta pesa kwanza, bana, hapa hapana kanisa!" Na shingo akaipindisha, na jicho akalifumba moja.

Niliruka. Ilikuwa kama kuna mtu mwingine ameingia ndani. Baba yake haongei vile hata kidogo. Alizaliwa hapahapa Mwanza, Kiswahili chake ni hikihiki changu, na Kisukuma cha sokoni anakijua. Nikamuuliza amejifunzia wapi.

"Kwa wavulana," akasema. "Tangu la pili wananisalimia hivyo."

Akaenda kuosha vyombo. Nikabaki na mkanda mkononi.

Siku zilizofuata nilianza na shati. Nililikata kwa vipimo vyake na tumbo nikaliacha. Nilijiambia ni kwa sababu sufi imeisha, na kweli ilikuwa imeisha, lakini sokoni ipo.

Jirani yangu anayeanika dagaa upande wa pili wa njia alikuja kukaa, akashika kola akaigeuzageuza. Ni mtu mwema. Nilipougua mwaka jana ndiye aliyenipikia uji. "Mama fundi, nasikia mjukuu wako ndiye Mhindi wa mchezo."

"Ndiyo."

"Basi usijisumbue na tumbo. Pua inatosha!"

Akacheka mpaka akajipiga paja, na mimi nikatabasamu, maana ni yeye, na uji ule niliunywa. Binti alikuwa ndani, mlango wazi. Sijui kama alisikia. Nadhani alisikia.

Nilimrudia mwalimu. Nilienda shuleni mwenyewe, nikamkuta chini ya dirisha la ofisi anasahihisha, daftari zimepangwa mpaka sakafuni. Nilikuwa nimeyapanga maneno njia nzima, nikipita kwenye yale mawe makubwa, na nilipofika yalikuwa yamepungua.

"Mwalimu, hili tumbo. Lazima?"

"Kitabu kinasema tumbo, mama." Akafungua ukurasa akanionyesha. Kweli lilikuwepo: tumbo limetangulia mlangoni, mwenyewe akafuata. Ni sentensi nzuri. Niliicheka darasani, na hata pale nilihisi mdomo unataka kucheka. "Mwandishi ametumia tumbo kuonyesha unyonyaji. Mkulima amekonda, mwenye duka amenenepa. Ndiyo fani yenyewe."

"Sasa huyu wa kwangu ana baba Mhindi."

Akaweka kalamu chini. Naona hapo ndipo alipoliona jambo lenyewe, na lilimuumiza, nisimwonee. "Mama, darasani nawaambia kila siku kwamba mwandishi hasemi Wahindi wote. Anasema tabaka. Mwenye duka ni mhusika bapa, yaani habadiliki toka mwanzo mpaka mwisho, amewekwa kubeba wazo moja."

"Mtihani unauliza nini?"

"Sifa zake, kwa mifano."

"Mtoto akiandika kwamba yeye hakubaliani na hizo sifa?"

Akafunika kitabu. "Mtahini ana mwongozo wake. Kwenye mwongozo kuna mnyonyaji, mchoyo, mjanja, hana uzalendo. Akiandika tofauti, atakosa alama. Mimi ningempa, mama. Lakini si mimi nitakayesahihisha." Halafu akasema, kwa sauti ya chini, "Nikimtoa sasa hivi kwenye mchezo, wenzake watauliza kwa nini. Nitawajibu nini?"

Nilimshukuru. Alinisindikiza mpaka getini kwa heshima zote, na njiani sikuweza hata kumkasirikia.

Sasa niandike kuhusu mjini, maana bila hilo nitakuwa nimeficha upande mmoja.

Nilipomaliza la saba nilifanya kazi za ndani kwa familia ya Kihindi, ghorofani, chini yake duka la vitambaa. Nilikaa pale miaka mingi ya usichana wangu. Nilikuwa na kikombe changu cha bati. Hakikuwekwa kabatini na vingine, kiliwekwa nje dirishani karibu na bomba, mvua ikinyesha kinajaa maji ya mvua. Siku moja mtoto wao mdogo alikinywea, mama yake akamnyang'anya kwa haraka vile ambavyo mtu humnyang'anya mtoto wembe. Alipogundua nimeona, aliona haya. Lakini kikombe kilirudi dirishani.

Mama huyohuyo, nilipopata malaria iliyonipanda kichwani, alinilaza kwenye kitanda cha binti yake, akakaa na mimi, akanipangusa jasho kwa mkono wake mwenyewe. Nilipopona nikarudi kwenye kikombe changu. Vyote viwili vilikuwa kweli, na sijawahi kupata mahali pa kuviweka pamoja.

Na mwenye duka, mume wake, alikuwa mwembamba kuliko baba yangu. Alikuwa na vidonda vya tumbo, akila wali mtupu na maziwa, shati jeupe linaning'inia kama liko kwenye kamba. Sikuwahi kumwona akipunja mita ya kitambaa. Ila niseme pia kwamba sikuwa dukani. Nilikuwa ghorofani jikoni. Wateja wengine walilalamika, niliwasikia kupitia dirishani, na sijui nani alikuwa na haki. Wengine walikopa vitambaa mpaka wavune pamba na hakuwasumbua. Labda mwandishi wa kile kitabu alikutana na wale waliopunja. Labda hakukaa ghorofani. Mimi na yeye kila mmoja aliona kipande chake, ila cha kwake ndicho kinachotungiwa mitihani.

Nilimweleza binti haya yote tukichambua mchele. Kikombe, malaria, maziwa. Alisikiliza bila kuinua macho.

"Kwa hiyo walikuwa wabaya au wazuri?"

"Walikuwa watu."

"Bibi, hiyo haina alama."

Akacheka, na mimi nikacheka, halafu nikamwambia nililokuwa nimekusudia. Nikamwambia kama hataki, nitaenda kusema anaumwa. Nitaubeba uongo huo mimi.

Akaacha mchele. "Ukisema naumwa, atacheza mwingine. Atacheza yule anayenisalimia kila asubuhi. Ataigiza huku ananiangalia mimi, na shule nzima itageuka." Alisema polepole, kama amelifikiri muda mrefu peke yake. "Nikicheza mimi, wanacheka kwa sababu nimewachekesha. Nisipocheza wanacheka tu. Sasa mimi nichague kipi?"

Niligeuza mchele kwenye ungo. Kila nilipogusa palikuwa na ukuta. Nikishona tumbo, nimemdhihaki mtoto wangu kwa mikono yangu. Nisiposhona, nimemwacha jukwaani bila silaha yake. Na mtihani uko palepale mbele, unangoja jibu lake lilelile.

Nikashona shati nilivyojua mimi. Kola ndogo, mfuko mmoja wa kalamu, mikono inayokunjwa mpaka kwenye viwiko, kama lile lililokuwa linaning'inia kwa mzee yule wa duka la vitambaa. Nilipiga pasi nikalipeleka bila tumbo. Mwalimu alilikunjua, akalitazama muda mrefu, akapitisha kidole kwenye mshono.

"Ni shati zuri sana, mama."

"Ahsante mwalimu."

Hakuuliza tumbo. Sikueleza. Kwa siku chache nilitembea kama mtu aliyefanya jambo.

Siku ya wazazi tulikaa kwenye madawati yaliyotolewa nje, jua kali, ziwa linaonekana kwa mbali kama bati jipya. Jirani yangu wa dagaa alikaa pembeni yangu, alikuja kumpigia binti makofi ingawa hana mtoto wake pale. Mkulima wa pamba akaingia, kijana mrefu na jembe, akapigiwa vigelegele. Halafu kukawa kimya, na kutoka nyuma ya pazia la shuka kitu kikubwa cheupe kikatangulia. Kikasimama mlangoni. Kikatikisika. Ndipo uso wa mjukuu wangu ukafuata.

Shule nzima ilipasuka kwa kicheko.

Vifungo vya shati langu vilikuwa vimevutika mpaka basi, na katikati ya viwili, kitambaa cha ndani kilikuwa kinachungulia. Nilikijua kabla sijafikiri. Ulikuwa mto wangu. Foronya yenye maua ya samawati niliyoyatarizi mwenyewe, ninayoilalia kila siku. Asubuhi nilikuwa nimetandika kitanda bila kuuona, nikadhani umeangukia upande wa ukutani.

"Veve nataka chumvi?"

Watu walilia kwa kucheka. Lazima niseme alikuwa hodari. Alijua pa kunyamaza, alijua kumwacha mkulima aongee huku yeye anapapasa tumbo taratibu, alijua kuweka kidole kwenye mizani huku anaangalia mbinguni. Kila alipofanya hivyo, watu wa mbele waligeuka kunitazama mimi. Hawakugeuka kwa ubaya. Walitaka kuona kama nami nacheka, wapate ruhusa. Wengine wenye huruma walitaka kuona kama nimeumia. Macho yale yote yalikuwa yananingoja, jirani ananigonga kiwiko, "Mwone, mwone huyu!", na sikuwa na uso mwingine wa kuvaa.

Nikacheka.

Mwishoni wanakijiji wakamfukuza kama kitabuni. Kijana wa jembe alimsukuma kwa nguvu kuliko inavyopasa, na mto ukachomoka chini ya shati ukaanguka vumbini. Hapo ndipo kicheko kilipopita vyote. Yeye alisimama. Shati lilikuwa limerudi kumkaa vizuri, kama nilivyolikata. Akainama, akauokota mto, akaukung'uta upande mmoja, akaugeuza akaukung'uta wa pili, akauweka kwapani na kutoka taratibu. Kitabuni mwenye duka anatoka mbio. Yeye hakukimbia, na watu waliendelea kucheka vilevile.

Mwalimu alinipitia baadaye kwenye meza ya soda. Alisema, "Amefanya vizuri, mama," halafu akabaki amesimama kama mwenye neno lingine, halafu mzazi mmoja akamwita.

Tulirudi kwa miguu. Jirani alikuwa ametangulia. Binti alibeba mto, mimi mkoba wangu.

"Ulicheka," akasema. "Nilikuona."

"Nilicheka."

"Ilichekesha kweli?"

Ningeweza kumdanganya, na labda bibi mwenye akili angedanganya. "Mwanzo ilichekesha. Ulivyosimama mlangoni. Halafu ilipoendelea haikuchekesha tena, ila nilikuwa nimeshaanza."

Alitembea kidogo. "Hata mimi," akasema. "Nilikuwa nimeshaanza."

Foronya niliifua. Doa la vumbi jekundu lilibaki kwenye ua moja na sikulisugua sana.

Jana alikuwa mezani anajipima kwa maswali ya mtihani. Alikuwa amevaa lile shati. Siku hizi analivaa nyumbani, anachota maji akiwa nalo, mikono ameikunja mpaka kwenye viwiko, na kwa nyuma, akiinama, namwona mzee yule wa ghorofani, halafu namwona mama yake. Mbele yake kilikuwepo kile kijitabu cha uchambuzi ambacho wanafunzi wote hapa wanacho, kimechakaa pembe. Swali lilikuwa la sifa za mwenye duka. Ameshaandika mnyonyaji. Ameshaandika mjanja. Mwandiko wake ni mzuri, umelala upande mmoja.

"Bibi, wanataka tutoe na mifano kutoka katika jamii yetu," akasema. "Ile ya kikombe niiweke?"

Cherehani ilikuwa inakwenda. Nikaisimamisha kwa mkono.

"Na ya malaria utaiweka?"

"Swali ni sifa za mwenye duka, Bibi. Ya malaria haimo." Aliningoja. Hakuwa ananidhihaki, alikuwa na mtihani, na mtihani huo ndio utakaomtoa hapa barazani, na kikombe ni changu, kwa hiyo aliomba ruhusa. "Nitaiandika vizuri. Sitakutaja."

Nilifikiria kumkataza. Nilifikiria yule mama akinipangusa jasho, na mtahini asiyemjua yeyote kati yetu, akiweka alama ya vema kwa kalamu nyekundu pembeni ya kikombe changu.

"Kilikuwa dirishani karibu na bomba," nikamwambia. "Andika hivyo. Usiandike kilikuwa chini, hakikuwahi kuwekwa chini."

Akainamia karatasi, akaandika.